Maswali ya Chemsha Bongo Kuhusu Nyanda za Juu Kusini Yanayozua Ubishi Kila Mara

Haya ndiyo maswali yanayorudi kila tunapofanya chemsha bongo, iwe ni shuleni Iringa, ukumbini Mbeya au ndani ya basi linalopanda Kitonga polepole huku abiria wakitafuta la kufanya. Tatizo lake ni moja: mengi yana majibu yaliyokuwa sahihi wakati mjibuji akiwa darasa la tano. Baadaye mikoa ikamegwa, hifadhi zikapanuliwa, wataalamu wakapima upya, lakini jibu la zamani likabaki kichwani. Nimeyajibu kwa hali ilivyo sasa, na penye ubishi wa haki nimeacha ubishi uonekane.

Nyanda za Juu Kusini ni mikoa ipi hasa?

Inategemea unamuuliza nani. Watu wa kilimo wa miaka ya 1980 walitaja minne iliyosifika kwa mahindi: Iringa, Mbeya, Rukwa na Ruvuma. Eneo hilohilo leo lina mikoa saba, kwa sababu mwaka 2012 Njombe ilitoka Iringa na Katavi ikatoka Rukwa, kisha mwaka 2016 Songwe ikamegwa kutoka Mbeya. Katika mazungumzo ya kawaida, mtu akisema "Nyanda za Juu" mara nyingi anafikiria Iringa, Njombe, Mbeya na Songwe. Mtu wa Songea au Sumbawanga akikupinga, mwache apinge, ana hoja. Mimi hapa nitakaa zaidi kwenye hiyo minne.

Kimondo cha Mbozi kiko mkoa gani, na kina uzito gani?

Songwe. Ukijibu Mbeya umejibu la kabla ya 2016, na hapa watu wengi huanza kupoteza alama.

Kiko Ndolezi, kwenye mteremko wa kilima cha Marengi. Mpima ardhi aitwaye W. H. Nott, kutoka Johannesburg, ndiye aliyekitangaza kwa ulimwengu mwaka 1930. Wakati huo sehemu kubwa ilikuwa imefukiwa. Udongo ukachimbwa kukizunguka, ikaachwa nguzo ya udongo chini yake ili kisiporomoke, na nguzo hiyo baadaye ikajengewa zege. Ndiyo maana leo kinaonekana kama kilipandishwa jukwaani kwa makusudi, kumbe ni ardhi ya pembeni iliyoshushwa. Kina urefu wa kama mita tatu na kimo cha mita moja hivi, na takriban asilimia 90 yake ni chuma, iliyobaki karibu yote ni nikeli. Shimo la kudondokea halionekani, na hakuna simulizi ya mtu aliyekiona kikianguka. Hayo mawili yanaonyesha kwamba kilianguka zamani sana.

Kuhusu uzito, jiandae kwa vita. Makadirio ya zamani yalifika tani 25, ya baadaye yakashuka hadi 16, na yako yanayosema 12. Kwa hiyo anayesema "ni cha nane kwa ukubwa duniani" kwanza atuambie anatumia uzito upi. Kikubwa kuliko vyote vinavyojulikana hakina ubishi: ni Hoba, kilichoko Namibia, chenye tani 60 hivi.

Ni kweli Mtwa Mkwawa, chifu wa Wahehe, anatajwa kwenye Mkataba wa Versailles?

Ni kweli kabisa, na binafsi naliona ndilo swali bora kuliko yote yanayotoka Iringa. Mkataba uliomaliza Vita Kuu ya Kwanza, uliotiwa saini mwaka 1919, una kifungu cha 246 kinachoitaka Ujerumani, ndani ya miezi sita, ikabidhi serikali ya Uingereza fuvu la "Sultani Mkwawa". Kifungu hichohicho kinadai pia Kurani ya Khalifa Othman irudishwe kwa mfalme wa Hijazi. Mtu wa Kalenga na Khalifa wa Waislamu, aya moja.

Ili kuelewa fuvu lilifikaje huko, rudi nyuma hadi tarehe 17 Agosti 1891. Siku hiyo, Lugalo, mashariki ya Iringa ya leo, Wahehe walivizia msafara wa Emil von Zelewski, kamanda wa jeshi la Wajerumani ambaye watu walimpa jina la Nyundo. Msafara ulikuwa ukipita katika njia nyembamba ya vichaka na mawe, bunduki nyingi zikiwa begani. Wahehe walikuwa maelfu, wengi wao wakiwa na mikuki. Nyundo aliuawa hapo pamoja na Wajerumani wenzake kadhaa na askari zaidi ya 200. Wale waliolala hospitali ya Lugalo kule Dar es Salaam, au kupita mbele ya kambi yake, sasa wanajua jina limetoka wapi.

Wajerumani walirudi tarehe 30 Oktoba 1894 wakiwa na mizinga, wakaivunja ngome ya Kalenga iliyozungushiwa ukuta. Mkwawa akaponyoka. Kwa karibu miaka minne akawa anatembea usiku, akilishwa na watu wake, huku Wajerumani wakitangaza zawadi ya rupia 5,000 kwa atakayemleta. Tarehe 19 Julai 1898, akiwa amezingirwa Mlambalasi, alijipiga risasi. Kichwa kikakatwa.

Fuvu lilirudi lini, na ni lenyewe?

Lilirudi mwaka 1954, yaani miaka 35 baada ya ahadi ya Versailles. Gavana wa Tanganyika, Edward Twining, alilifuatilia hadi kwenye jumba la makumbusho la Bremen, Ujerumani, ambako kulikuwa na mafuvu yapatayo 2,000. Akaangalia yale yaliyotoka Afrika Mashariki, akayalinganisha na vipimo vya vichwa vya ndugu wa Mkwawa walio hai, na akapata moja lenye tundu la risasi. Tarehe 19 Juni 1954 akalikabidhi Kalenga kwa Chifu Adam Sapi Mkwawa, mjukuu wa marehemu. Liko hapo hadi leo, kwenye makumbusho, ndani ya kioo.

Wako wanahistoria wanaohoji kama vipimo vya namna hiyo vinaweza kuthibitisha fuvu ni la nani. Hoja yao ina uzito wa kisayansi. Ila kwenye chemsha bongo, swali likiwa "fuvu la Mkwawa liko wapi", jibu ni Kalenga. Bremen ni jibu la 1953.

Kwa kuwa Wahehe waliwapiga Wajerumani, bila shaka walikuwa mstari wa mbele kwenye Majimaji?

Hapana. Swali hili huwaangusha hata walimu. Vita vya Majimaji vilianza 1905, miaka saba baada ya Mkwawa kufa, na Wahehe kwa ujumla hawakujiunga; wako waliosimama upande wa Wajerumani. Waliojiunga huku juu ni Wabena wa Njombe, ambao Septemba 1905 walishambulia misheni ya Yakobi, na upande wa Songea, Wangoni.

Kulikuwa na Wapolandi Njombe?

Ndiyo. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, Wapolandi waliokuwa wamepelekwa Siberia kwa nguvu na Wasovieti waliachiwa, wakapitia Uajemi, na maelfu kati yao, wengi wanawake na watoto, wakaletwa Afrika Mashariki. Kambi inayojulikana zaidi ni Tengeru, Arusha. Watu husahau kwamba nyingine mbili zilikuwa Ifunda, mkoani Iringa, na Kidugala, Njombe. Waliotoka kwenye theluji ya Siberia nadhani hawakulalamikia sana baridi ya Njombe.

Kwani baridi kali kuliko zote ni wapi?

Makete. Juni na Julai sakitu huanguka, ukiamka asubuhi majani ni meupe na viazi vimeungua. Watu wa Mufindi watabisha kidogo, kisha watanyamaza.

Mlima mrefu kuliko yote Kusini ni Rungwe?

Vitabu vingi vinaupa Rungwe mita 2,960 na Mtorwi, ulioko kwenye safu ya Kipengere jirani na Kitulo, mita 2,961. Mita moja! Halafu viko vipimo vingine vinavyoupa Rungwe mita 2,981, na hapo matokeo yanageuka. Mimi siulizi tena swali hili kama kuna zawadi mezani. Linalofaa kuulizwa ni kwamba Rungwe ni volkano na Mtorwi si volkano.

Volkano za Mbeya zimekufa au zimelala?

Zimelala, na moja haijalala muda mrefu. Eneo la Mbeya na Rungwe ndipo matawi ya Bonde la Ufa yanapokutana, lile la mashariki, lile la magharibi na lile linaloteremka kuelekea Ziwa Nyasa. Ardhi inapotanuka namna hiyo, uji wa moto hupata njia. Volkano kubwa ni tatu: Ngozi, Rungwe na Kiejo. Kiejo ilitoa lava mnamo mwaka 1800, karne mbili na kitu tu zilizopita. Rungwe ulilipuka kwa kishindo kikubwa miaka kama 4,000 iliyopita na kutapakaza majivu mbali. Udongo mweusi unaootesha migomba, chai na viazi vya Tukuyu na Isongole ni zawadi ya milipuko hiyo, ukichanganya na mvua ambayo Tukuyu hupita milimita 2,000 kwa mwaka.

Ngozi yenyewe imebaki na ziwa ndani ya kreta. Unapanda msituni, njia ya utelezi, kisha ghafla uko ukingoni na maji ya kijani yako chini kabisa, kuta za msitu zikiyazunguka pande zote. Hakuna mto unaotoka. Husimuliwa kwamba Wajerumani walitupa hazina humo na nyoka anailinda. Hilo ni la kusimuliana njiani, usiliweke kwenye karatasi ya maswali.

Kwa nini huku kila kitu ni cha Mungu: Bustani ya Mungu, Daraja la Mungu?

Kwa sababu hakuna aliyeweza kusema alivijenga yeye. Daraja la Mungu ni tao la mwamba lililo juu ya mto Kiwira, karibu na chuo cha Magereza. Ni jiwe la volkano, na mto umejipitisha chini yake.

Bustani ya Mungu ni Kitulo. Hii ina mtego wa aina mbili. Kwanza, haiko mkoa mmoja: imegawanyika kati ya Njombe, upande wa Makete, na Mbeya. Pili, wengi hudhani hifadhi ya taifa lazima iwe na tembo na simba. Kitulo ilitangazwa mwaka 2005 kwa sababu ya maua, ya kwanza ya namna hiyo katika Afrika ya kitropiki. Ina kilomita za mraba 413 hivi, iko kwenye kimo cha kama mita 2,600, na ina aina zaidi ya 350 za mimea, 45 kati yake zikiwa okidi. Nenda kati ya Desemba na Aprili. Agosti utakuta nyasi kavu na upepo.

Okidi hizo zina adui asiyetarajiwa, naye ni mlo. Zambia kuna chakula kiitwacho chikanda, kinachopikwa kwa viazi vya okidi vilivyosagwa pamoja na karanga. Okidi za kwao zilipopungua, wanunuzi wakavuka Tunduma, na watu wa vijiji vya Makete na Mbeya wakaanza kuchimba. Ukichimba kiazi umeua mmea, hivyo biashara hiyo ni sehemu ya sababu za eneo kulindwa.

Kipunji ni nyani au tumbili, na aligunduliwa lini?

Wawindaji wa Kinyakyusa walikuwa wakimjua na kumpa jina. Sayansi ilimfikia mwaka 2003, baada ya watafiti waliokuwa Rungwe kusikia wenyeji wakitaja mnyama mwenye haya anayekaa juu ya miti. Mwanzoni walidhani ni wa hadithi. Mwaka 2004 watafiti wengine, bila kuwasiliana na wale, wakamwona katika msitu wa Ndundulu, milima ya Udzungwa. Akatangazwa rasmi 2005 na kuwekwa kwenye kundi la tumbili wa miti. Vipimo vya vinasaba vya mwaka 2006 vikaonyesha yuko karibu zaidi na nyani, akapewa kundi lake peke yake, Rungwecebus. Lilikuwa jenasi jipya la kwanza la kima barani Afrika tangu 1923.

Kwa hiyo jibu ni kwamba ni kima wa ukoo wa karibu na nyani. Ana nywele ndefu za kahawia, kishungi kichwani, na mlio unaofanana na honi iliyochanganyika na kubweka. Hesabu ya kwanza ilipata takriban 1,100 tu.

Na dinosaria? Si walikuwa Tendaguru, Lindi?

Tendaguru ndiyo maarufu, lakini bonde la Rukwa na Songwe nalo limetoa. Mwaka 2019 alitangazwa mmoja mkubwa mla majani aliyepewa jina la Kiswahili kamili: Mnyamawamtuka moyowamkia. Mtuka ni kijito alikopatikana mkoani Songwe, na mifupa ya mkia wake ina umbo la moyo. Miaka miwili kabla alitangazwa Shingopana. Wanafunzi hudhani nimewatungia.

Isimila ina umri gani?

Korongo la Isimila liko kama kilomita 20 kutoka Iringa mjini, barabara ya Mbeya. Zana za mawe zilionekana 1951 na uchimbaji wa kitaalamu ukafanyika 1957 na 1958. Vitabu vya zamani vilisema miaka 60,000, na bado utayasikia hayo. Vipimo vya urani vilirudisha nyuma hadi miaka 260,000 hivi. Nguzo ndefu za udongo zinazopigwa picha na kila mgeni hazikuchongwa na mtu wa Zama za Mawe. Ni mvua iliyokula udongo laini na kuacha uliokingwa juu na tabaka gumu.

Ruaha si ndiyo hifadhi ya taifa kubwa kuliko zote Tanzania?

Ilikuwa. Mwaka 2008 pori la akiba la Usangu liliongezwa, Ruaha ikapita kilomita za mraba 20,000 na kushika namba moja. Mwaka 2019 sehemu kubwa ya Selous ikawa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere, yenye zaidi ya kilomita za mraba 30,000.

Swali zito zaidi ni la mto. Tangu 1993 Ruaha Mkuu, ambao awali ulitiririka mwaka mzima, umekuwa ukikauka ndani ya hifadhi wakati wa kiangazi, viboko wakibanana kwenye madimbwi. Maji yake hutoka milima ya Uporoto na Kipengere, hupita bonde la Usangu kwenye mashamba ya mpunga na malisho, kisha kinamasi cha Ihefu, ndipo yafike hifadhini, na mbele kuna mabwawa ya umeme ya Mtera na Kidatu. Yeyote anayekula wali wa Mbarali Dar es Salaam huku akilalamika umeme umekatika yumo kwenye swali hili.

Ihefu, si ile timu iliyoifunga Yanga?

Ndiyo hiyo. Tarehe 29 Novemba 2022, huko Mbarali, Ihefu iliifunga Yanga 2-1 na kukata mwendo wa michezo 49 ya ligi bila kupoteza. Angalizo: timu hiyo baadaye ilihamia Singida na sasa inaitwa Singida Black Stars, hivyo usiitafute Mbarali.

Vijana hukumbuka pia Mbeya City kumaliza ya tatu msimu wa 2013/14, ikiwa ndiyo kwanza imepanda daraja. Lakini ukitaka kunyamazisha meza nzima, uliza timu ipi ya Mbeya iliwahi kuwa bingwa wa Tanzania Bara. Jibu ni Tukuyu Stars, mwaka 1986. Wazee watatabasamu, vijana watatoa simu kuhakiki.

Spika wangapi wa Bunge wametoka huku?

Watatu, na wote ni wa kwanza kwa jambo fulani. Adam Sapi Mkwawa, yuleyule aliyepokea fuvu la babu yake, alikuwa Mwafrika wa kwanza kushika kiti hicho, 1962 hadi 1973, kisha tena 1975 hadi 1994. Anne Makinda wa Njombe alikuwa mwanamke wa kwanza, 2010 hadi 2015. Tulia Ackson wa Mbeya, Spika kuanzia 2022 hadi 2025, alichaguliwa Oktoba 2023 kuwa Rais wa Umoja wa Mabunge Duniani, mwanamke wa kwanza kutoka Afrika.

Ulanzi, ile pombe ya mwanzi, upo mwaka mzima?

Hapana, ni wa masika. Chipukizi la mwanzi hukatwa ncha, likakingiwa mbeta (chombo cha mwanzi), na mgema hurudi asubuhi na jioni kulichonga upya ili utomvu usizibe. Ukinywewa siku hiyo ni mtamu, watoto nao huonja. Siku ya pili mambo ni mengine. Ukiuziwa "ulanzi" Septemba, uliza maswali.

Kwa nini TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia, haipiti Iringa mjini?

Kwa sababu reli ilifuata bonde la Kilombero: kutoka Dar es Salaam, Ifakara, Mlimba, halafu ikapanda ukingo wa milima hadi Makambako, Mbeya na Tunduma. Iringa ilibaki na barabara. Kipande cha Mlimba hadi Makambako ndicho kilichowatoa jasho wajenzi, kwa madaraja marefu na mahandaki. Reli nzima ina mahandaki 22. Inafika kilele chake Uyole, karibu mita 1,790 juu ya usawa wa bahari. Ujenzi ulianza 1970, njia yote ya kilomita 1,860 hadi Kapiri Mposhi ikaunganishwa 1975, na makabidhiano yakafanyika Julai 1976.

Mtego wa mwisho kuhusu reli hii ni upana. TAZARA ni milimita 1,067, sawa na reli za kusini mwa Afrika. Reli ya Kati ya zamani ni milimita 1,000, na SGR, ile reli mpya ya kisasa, ni 1,435. Ndiyo maana mzigo unaotoka reli moja kwenda nyingine lazima uhamishwe, kama inavyofanyika Kidatu. Septemba 2024 Tanzania, Zambia na China zilitia saini makubaliano ya awali ya kuifufua, kwa hiyo majibu ya aya hii yaandike kwa penseli.